Kicheko Katika Faili Jekundu

Tik.

Kimya kidogo, kisha tena: tik.

Nje kulikuwa bado giza. Kola aliujua mlio huo bila kufungua macho. Ni pasi inawekwa juu ya kisahani chake cha bati, jikoni, na mtu asiyetaka kumwamsha mwenzake. Lakini Kola hakuwa usingizini. Alikuwa amejilaza tu, karatasi ingali mkononi, imelowa jasho.

Ndiyo, karatasi ile ile tuliyomwacha nayo wiki iliyopita. Ratiba ya klabu ya wasemaji, mkutano wa Jumamosi. Mstari wa tatu: mwanachama mpya, hotuba ya kujitambulisha. Na mbele yake, jina la mhakiki, yule atakayesimama baada yake aipime hotuba hiyo mbele ya watu wote. Jina hilo Kola alilijua. Lilikuwa chini ya kila tangazo lililobandikwa kiwandani kwao.

Meneja.

Kwa msomaji aliyetukuta njiani, maneno machache yatatosha. Kola hushona kola za mashati, na jina likamganda. Miezi miwili iliyopita moshi ulitoka katika chumba cha kukatia vitambaa, wafanyakazi wakakimbilia mlango wa nyuma, na mlango haukufunguka. Katika kule kusukumana, mkono wa kulia wa wifi yake ulibanwa kwenye chuma cha mlango, ukavunjika mahali patatu. Kola wakati huo alikuwa nje, ametumwa stoo kuchukua nyuzi. Aliliona kufuli kwa macho yake, limening'inia upande wa nje ambako waliokuwa ndani wasingeweza kuliona. Ndiye aliyelivunja kwa jiwe.

Wakaguzi wa kazi walipokuja, kufuli halikuwepo, na pale lilipokuwa pamepakwa rangi mpya. Meneja akasema mlango ule haujawahi kufungwa hata siku moja, ulikwama tu kwa joto, na mama yule aliumia kwa papara zake mwenyewe. Mlinzi wa zamu alikuwa ameshahamishwa, hakuna ajuaye wapi. Basi akaitwa Kola. Akasimama. Akasema, "Eee." Akajaribu tena, "Eee." Akaketi. Mkaguzi akaandika: shahidi hana la kusema.

Hana la kusema. Maneno hayo yalimchoma kila siku kama sindano iliyosahaulika ndani ya nguo.

Kikao cha pili, tena cha mwisho, kilikuwa Jumatatu saa tatu asubuhi. Kikiisha kama cha kwanza, wifi yake ataandikwa mzembe, kiwanda hakitamtibu, na mkono utajiunga hivyo hivyo ulivyopinda. Fundi aliyeshona miaka kumi na tisa hatashika tena sindano. Ndiyo maana Kola, mwoga wa kusimama hata kuomba chumvi mezani, alijiunga na klabu.

Akaenda jikoni. Wifi alikuwa amelibana gauni la buluu ukingoni mwa meza kwa tumbo lake, anapiga pasi kwa mkono wa kushoto. Mkono wa kulia ulining'inia shingoni kwenye kitambaa.

"Kola ya gauni nimeiharibu kidogo," akasema. "Utanisamehe. Mkono huu bado mwanafunzi."

Kola akamwambia aizime pasi, haendi kokote. Akamwekea ile karatasi mbele yake. Wifi akasoma, akarudia, kisha akacheka kile kicheko kisicho na furaha. Akauliza kama klabu nzima haina mtu mwingine wa kuwapima watu. Kola akamweleza kwamba Meneja ni mwanachama wa siku nyingi, alikuwa safarini wiki zote ambazo yeye alihudhuria kama mgeni, na kwamba ratiba hupangwa kwa zamu.

"Basi siendi," akamaliza.

Wifi akaiweka pasi. Tik.

"Sikiliza, wifi yangu. Mimi nimejifunza kupiga pasi kwa kushoto kwa sababu ya huyo mtu. Nimejifunza kujichana, kujifunga kanga, kumenya kitunguu. Wewe umeshindwa kitu gani? Dakika tano?"

Hakupandisha sauti. Angepandisha, ingekuwa afadhali.

Kola akalichukua gauni likiwa bado la moto, akalivaa.

*

Klabu ilikutana ghorofani, juu ya duka la miwani. Viti vya plastiki safu nne, meza ya kusimamia msemaji, saa ya ukutani iliyokwenda mbele dakika tatu. Mwenyekiti alikuwa daktari wa meno, mtu mcheshi, ambaye kila mkutano aliwakumbusha watu kwamba kazi yake ni ile ile ya siku zote, kuwaambia wafungue mdomo, ila hapa hakuna ganzi.

Karibu na meza alikaa mhesabu na kopo lake la bati. Kila msemaji alipochomeka "eee" au "aaa" kati ya maneno yake, mhesabu alidondosha kifungo kimoja cha shati ndani ya kopo. Mwishoni vifungo vilihesabiwa mbele ya wote. Kola alishika vifungo elfu kwa wiki, na hajapata kuviogopa kama humo.

Na kulikuwa na Mama Kadi, mpiga chapa mstaafu, mwenye nywele nyeupe na kalamu ya wino wa kijani. Yeye alishika saa na kadi tatu: ya kijani muda wa kutosha unapofika, ya njano unapokaribia kuisha, nyekundu unapoisha. Hotuba zilizoandikwa alizipitia yeye, akaandika maoni yake pembeni. Miaka minne ya uanachama, lakini mwenyewe hajapata kusimama pale mbele hata mara moja. Ukimuuliza hucheka tu, husema kiti kinamfaa.

Asubuhi hiyo aliweka glasi ya maji mezani kwa ajili ya Kola, na akaijaza nusu tu, ili mkono wa msemaji ukitetemeka maji yasimwagike. Kola aliliona hilo. Ni kitu kidogo, lakini mtu mwenye hofu hukiona.

Meneja akaingia akinukia manukato. Akamsalimu kila mtu kwa mkono. Upande mmoja wa kola ya shati lake ulikuwa umepinda kwa nyuma; alipopita, Mama Kadi alinyoosha mkono akaulaza vizuri.

"Asante, Mama," akasema Meneja.

Akafika kwa Kola. Akatabasamu. Akamwambia, karibu sana dada, usiogope, hapa hatuli watu. Na akaendelea na safari yake ya salamu.

Hakumjua. Siku ile ya wakaguzi, Kola aliposimama akashindwa, Meneja alikuwa akitazama simu. Amemuumizia mtu wa nyumbani kwake, na hata sura ya aliyesimama kumlilia haki hakujishughulisha kuiangalia. Kola alihisi masikio yanapata moto. Akayanywa maji yote ya glasi hata kabla hajaitwa.

Akaitwa.

Akaanza vibaya. Akasema jina lake, kifungo kikalia. Akasema anashona, kikalia cha pili. Eee, kola. Eee, za mashati. Vifungo vikawa vinadondoka kama mvua ya kwanza juu ya bati. Mtu mmoja safu ya nyuma akakohoa kikohozi cha kuficha kicheko. Meneja alikuwa akiandika, uso mpole, kama mwalimu anayemhurumia mtoto mzito.

Upole huo ndio uliomchefua.

"Aliyenifundisha kola ni wifi yangu," akasema Kola. "Leo alfajiri amenipigia gauni hili pasi kwa mkono wa kushoto. Wa kulia umevunjika mahali patatu. Tazameni hapa shingoni, palivyojikunja. Fundi wa miaka kumi na tisa. Aliyekuwa akishona kola mia mbili kwa siku, leo hawezi kuinyoosha moja."

Kopo likanyamaza.

"Hakuvunjika kwa ajali. Alivunjika kwenye mlango. Mimi nilikuwa upande wa pili wa mlango ule, nikasikia sauti yake, na sikuweza kuufungua mapema."

Meneja akaacha kuandika. Akainua kichwa. Sasa alimjua.

Kadi ya njano ilikuwa imepanda. Kola akaendelea, habari ya jiwe, habari ya moshi uliotoka chini ya mlango kama maji. Hakuna kifungo kilichodondoka. Muda ukaisha, ukapita, na kadi nyekundu haikupanda.

"Muda, Mama," akasema Meneja kutoka kitini.

"Saa ninaishika mimi," akajibu Mama Kadi, macho kwenye saa yake.

Lakini uzi ulikuwa umeshakatika. Kola alikutana na macho ya Meneja, na lile neno alilolikusudia, neno kufuli, likakwama kooni. "Eee," akasema. Kifungo, ting. Akaketi.

*

Desturi ya klabu ni kwamba mhakiki husifu kwanza, hukosoa, husifu tena, kisha humtajia mwanachama mpya hotuba moja ya kujifunzia kutoka faili jekundu, ambamo hutunzwa hotuba zilizoshinda kikombe cha mwaka. Meneja alilifuata hilo hatua kwa hatua. Akaisifu sauti. Akasema ina nguvu, sauti ya mtu wa kazi. Kisha akageuka kuwatazama wengine, si Kola.

Alisema hasira ni ya barabarani. Alisema msikilizaji mwenye akili hapendi kulalamikiwa, na kwamba watu wengine wakipatwa na jambo kwa uzembe wao hutafuta wa kumlaumu, na klabu isigeuzwe baraza la malalamiko. Watu wakatikisa vichwa kukubali. Daktari wa meno akatikisa kichwa. Vifungo vilikuwa kumi na kimoja.

Kola alikaa amekunja vidole juu ya mapaja, akiyahesabu mafundo ya mbao sakafuni ili asiinuke akampige mtu kwa kopo.

"Kwa kujifunza," Meneja akamalizia, kwa ile sauti ya mtu anayekariri, "soma hotuba yangu ya mwaka jana. Iko ya kwanza kwenye faili. Utaona jinsi mtu anavyosimulia uamuzi mgumu bila kupayuka."

Alikuwa akisema maneno hayo kwa kila mwanachama mpya, mwaka mzima. Ulimi ulishayazoea, ukatoka nayo kabla kichwa hakijauliza leo anaambiwa nani. Watu wakapiga makofi. Akainama kidogo, akaaga, akateremka ngazi kuwahi shughuli zake.

Mkutano ulipovunjika, Kola alikuwa wa kwanza kufika mlangoni. Mama Kadi akamfuata, akamshika kiwiko taratibu. Akamwambia faili halitoki chumbani, ni kanuni, na mwanachama mpya husoma siku hiyo hiyo. Kola akasema hataki kusoma kitu cha mtu yule, hata angekuwa ameandika dawa.

"Soma, mwanangu," akasema Mama Kadi. Sauti yake ilikuwa na kitu. "Nakuomba usome."

Akamfungulia faili, akamvutia kiti karibu na dirisha, kisha akaenda kupanga viti vilivyokwisha kupangwa.

Hotuba ilikuwa kurasa tatu, imepigwa chapa safi. Ukurasa wa kwanza ulihusu ushujaa wa kuamua. Kola akasoma bila moyo. Ukurasa wa pili akafika katikati, akarudi nyuma, akaweka kidole chini ya mstari kama mtoto wa darasa la kwanza.

"Vitambaa vilikuwa vinapotea na kila mtu aliogopa kuamua. Mimi nikaamua. Nikanunua kufuli, nikaufunga mlango wa nyuma kwa nje. Ufunguo mmoja, mfuko mmoja, wangu. Mlinzi akaniuliza, bosi, moto ukiwaka je? Nikamwambia, nipigie simu."

Na pembeni, kwa wino wa kijani, mwandiko mzuri wa mviringo:

"Kicheko kikubwa hapa. Umesubiri vizuri kabla ya kuendelea."

Kola hakulia. Kuna hasira ambayo machozi hayaiwezi. Alikaa akiitazama ile kalamu ya kijani iliyochomekwa kwenye nywele nyeupe za mama aliyekuwa akipanga viti.

"Huu mwandiko ni wako," akasema.

"Wangu."

"Mlicheka."

"Tulicheka," akasema Mama Kadi, bado amempa mgongo. "Ukumbi mzima. Watu thelathini na zaidi. Mimi nilicheka mpaka nikafuta macho."

Kola akafungua mdomo amjibu. Hakuwahi. Viatu vilikuwa vikipanda ngazi mbili mbili, na kabla hajalifunga faili mlango ukasukumwa.

Meneja, anahema. Alikuwa amekumbuka.

Akatazama faili, akamtazama Kola, akatuliza pumzi. Kisha akatabasamu, akasema Mama amsaidie karatasi zake mara moja, kuna mahali anataka kuzirekebisha. Mama Kadi akasema faili halitoki chumbani.

"Faili libaki. Nataka hotuba yangu. Hotuba ni mali ya msemaji, kanuni ya tisa, uliipiga chapa wewe mwenyewe."

Ilikuwa kweli. Mama Kadi akasimama na kiti mkononi. Meneja akaja mpaka mezani, akazichomoa kurasa tatu kutoka chini ya mkono wa Kola, akazikunja mara mbili, akazitia mfuko wa suruali.

"Ni mfuko ule ule?" akauliza Kola.

Akasita. "Unasemaje?"

"Nauliza kama ni mfuko ule ule wa ufunguo. Nimeona umeandika mfuko mmoja, wako. Mlinzi alikuuliza moto ukiwaka. Uliwaka. Wifi yangu hakuwa na namba yako ya simu."

Mhesabu angekuwepo, asingepata kifungo hata kimoja.

Uso wa Meneja ukabadilika, ule upole ukapeperuka kama vumbi. Akamsogelea. Hakumgusa, alisema tu, taratibu, akiigiza sauti ya mwanamke mwenye woga: "Eee. Eee." Halafu kwa sauti yake: "Ndivyo ulivyosema mbele ya mkaguzi. Na Jumatatu utasema hivyo hivyo, kwa sababu utanikuta mbele yako. Baada ya hapo utatafuta kola za kushona kwingine."

Akageuka. Kwa Mama Kadi akapunguza sauti, akamwambia aende nyumbani apumzike, jua kali. Ngazi zikalia tena, safari hii polepole, za mtu aliyekwisha kupata alichokijia.

*

Kola akaipiga meza ngumi, kopo likaruka, vifungo vikatawanyika sakafuni. Akamwambia Mama Kadi alipaswa kulificha lile faili, kulirusha dirishani, kulila ikibidi. Mama Kadi akapiga magoti, akaanza kuokota vifungo kimoja kimoja.

"Karatasi ameichukua," Kola akasema, akizunguka chumba. "Basi. Karatasi ni yake." Akasimama. "Kicheko je?"

"Kicheko?"

"Watu thelathini na zaidi walimsikia akisema amefunga mlango kwa kufuli. Wakacheka. Kicheko si mali ya msemaji. Kanuni ya ngapi hiyo? Aliyecheka alisikia, na aliyesikia ni shahidi."

Akakimbia ngazi. Wengi walikuwa wameshaondoka, lakini daktari wa meno alikuwa chini mlangoni, anafuta miwani. Kola akamwomba. Kwa heshima zote, kwa mikono miwili. Daktari akamsikiliza hadi mwisho, kisha akasema hotuba ni nyingi mno, mtu hawezi kukumbuka moja moja, na kwamba yanayosemwa klabuni hubaki klabuni, ndiyo maana watu huwa huru kusema. Akaivaa miwani. Akamtakia siku njema.

Mtu ambaye kazi yake ni kuwafungua watu midomo, wake ameufunga.

Kola akapanda tena. Mama Kadi alikuwa bado chini, kiganja kimejaa vifungo.

"Umebaki wewe," akamwambia.

Mama Kadi akatikisa kichwa. Akasema hawezi. Akasema hajawahi. Miaka minne amekuja kila Jumamosi akijiambia leo atasimama, na kila Jumamosi ameshika kadi. Alipokuwa kazini alipiga chapa maneno ya watu wengine miaka thelathini. Yake mwenyewe hayajui yanakotokea.

Kola alitaka kumfokea. Aliikumbuka glasi ile, iliyojazwa nusu. Hasira haikuisha, lakini ilipata mahali pa kuketi.

"Sikuombi useme," akasema. "Njoo nyumbani tu. Njoo umwone uliyemcheka."

*

Wifi alikuwa sebuleni, amekaa na bakuli la mchele mapajani anauchambua. Kola akamwambia, bila kuzungusha, huyu ni nani, ameandika nini kwa wino wa kijani, na karatasi imekwendaje. Wifi alisogea kwenye kochi, akaacha nafasi.

Mama Kadi akaketi ukingoni. Akautazama mkono. Vidole vilivyochungulia kwenye bandeji vilikuwa vimevimba, kucha zimepoteza rangi. Akautazama muda mrefu, na hakuna kadi iliyopanda.

"Siku ile," akaanza, "yeye aliposema habari ya moto, mimi, eee..."

Wakangoja.

"Siku ile aliposema mlinzi amemuuliza, mimi niliyemsikia kwa masikio yangu, eee..."

Akaufungua mkoba, akaufunga. Kisha maneno yakamtoka kwa mkupuo, kama mtu anayetapika.

"Yule ni mume wa binti yangu."

Kola akaiona tena ile kola ya shati, na ule mkono ulionyooka kuilaza, na "asante, Mama". Wengine wote humwita Mama Kadi. Yeye peke yake humwita Mama. Na yeye Kola, mtaalamu wa kola, aliitazama na hakuiona.

Akainuka, akaufungua mlango wa nje hadi mwisho.

"Toka," akasema. "Toka, Mama. Umekaa kwenye kiti chetu ukijua. Umeniketisha dirishani, umenipa maji, umenipa faili nisome, ili iwe nini? Ujisikie umetenda jambo? Nenda kapike chakula, mkweo ana njaa."

Mama Kadi akasimama. Hakujitetea. Na hapo hapo simu ikalia ndani ya mkoba. Akaitoa. Wote watatu waliliona neno lililowaka: Binti.

Ililia. Ikaendelea kulia. Kidole cha mama kilikaa juu ya kitufe, hakishuki wala hakiondoki. Bila shaka Meneja alikuwa ameshafika nyumbani. Bila shaka yalikuwa yameshasemwa yaliyosemwa. Simu ikalia mpaka ikachoka yenyewe.

Mama Kadi akaelekea mlangoni, akausahau mkoba.

Aliyeuokota ni Wifi. Aliweka bakuli chini, akainuka kwa shida, akauchukua mkoba kwa mkono wa kushoto, ule mwanafunzi, akamfuata mgeni hadi kizingitini. Akautundika begani mwa yule mama, ukateleza, akautundika tena.

Kola alimtazama wifi yake kama anayetazama mtu aliyepagawa. Kesho Jumapili. Keshokutwa saa tatu.

"Mimi sijakusamehe, mama," Wifi akasema. "Usiku nikijigeuza vibaya mkono huu huniamsha, na leo nikiamka nitakiwaza kicheko chako. Nina hasira nawe, sikufichi. Lakini ile sentensi umeianza mara mbili, na mara zote umeiacha njiani."

Akamwachia njia.

"Njoo tena kesho. Uje uimalize."